Hukumu unayo, daftari bado lina jina la mwenzako: namna ya kuzikutanisha mahakama na masjala ya ardhi

Bahasha ya kaki, juu ya kabati, chini ya cherehani ya marehemu bibi. Ndani yake mna hukumu yenye muhuri, imekunjwa mara tatu. Aliyeihifadhi hana wasiwasi na kiwanja chake, maana mwenyekiti wa baraza aliyasoma maneno hayo mbele ya watu na mpinzani akatoka nje kichwa chini. Inapita miaka minane au tisa. Siku anapokwenda benki kuomba mkopo, au siku anapokuta lori linamwaga kokoto pale kiwanjani, ndipo anapofanya upekuzi, yaani kuiuliza masjala ya ardhi kiwanja kimeandikwa kwa jina la nani, na jina linalotoka ni la yule yule aliyemshinda. Sasa anaanza kesi mpya dhidi ya huyo na wale wengine waliouziwa tangu hapo.

Mwongozo huu ni wa kumsaidia mtu asifike huko, na kama ameshafika, ajue aanzie wapi. Unahusu Tanzania Bara. Zanzibar ina sheria zake za ardhi na Mahakama yake ya Ardhi, na Kenya ina Mahakama ya Mazingira na Ardhi na daftari la namna nyingine, kwa hiyo msomaji wa huko asichukue hatua hizi kama zilivyo.

Kwanza, nani anaamua na nani anaandika

Watu wengi huzunguka miaka kwa sababu wanakwenda kuomba maji kwenye duka la mafuta ya taa. Ofisi za ardhi, yaani idara ya ardhi ya halmashauri, Kamishna wa Ardhi Msaidizi wa mkoa na Msajili wa Hati, kazi yao ni kupima, kumilikisha, kusajili na kukusanya kodi ya pango la ardhi. Mabaraza na mahakama kazi yao ni kusema nani mwenye haki pale watu wanapogombana. Afisa ardhi hawezi kuamua kwamba sahihi ya baba yako kwenye hati ya uhamisho ilighushiwa, hata kama yeye mwenyewe anaona imepinda. Jaji naye hashiki kalamu ya masjala. Anaamuru, na mwingine ndiye anayeandika.

Karatasi ya masjala ina nguvu kubwa. Katika Rufaa ya Madai Na. 35 ya 2019, Mahakama ya Rufani ilisema kwamba watu wawili wakigombea ardhi, mwenye cheti cha hati ndiye atakayechukuliwa kuwa mmiliki halali mpaka ithibitishwe kwamba hati hiyo haikupatikana kihalali. Soma sehemu zote mbili za maneno hayo. Hati inaweza kuvunjwa, lakini mzigo wa kuivunja ni wako, na mahali pa kuivunjia ni mbele ya mahakama.

Stakabadhi za kodi hazina nguvu hiyo. Kila mwezi napokea ujumbe wa mtu anayesema, "Nimelipa kodi ya ardhi miaka kumi na tano, risiti zote ninazo." Hongera, lakini kodi ya pango hupokelewa kutoka kwa yeyote aliye na namba ya kumbukumbu ya malipo, ile tunayoiita kontroo namba. Kodi ya jengo ndiyo kabisa: tangu mwaka 2021 inakatwa kwenye LUKU, na mpangaji anayenunua umeme wa elfu tano ameilipa bila kuwa na tofali hata moja. Risiti zinaweza kuongeza uzito kwenye ushahidi kwamba ulikuwa unaishi pale na kuitunza ardhi. Zenyewe peke yake hazimpi mtu umiliki.

Hatua ya 1: jua ardhi yako imeandikwa wapi

Uliza swali hili kabla ya kumtafuta wakili, kwa sababu jibu lake ndilo linaloamua mengine yote. Kiwanja kilichopimwa chenye hati kiko kwa Msajili wa Hati chini ya Sheria ya Usajili wa Ardhi, Sura ya 334. Shamba la kijijini lenye hati ya hakimiliki ya kimila liko kwenye masjala ya ardhi ya kijiji na ya wilaya. Leseni ya makazi, ile ya maeneo ya mjini yasiyopangwa, ina daftari lake kwenye halmashauri. Ukiwa na barua ya toleo tu, jina lako limo kwenye jalada la umilikishaji lakini hati haijasajiliwa. Na ukiwa na karatasi ya mauziano iliyopigwa muhuri wa serikali ya mtaa, una ushahidi wa kununua, na hujaandikwa popote.

Hiyo ya mwisho inawauma wengi. Muhuri wa mwenyekiti wa mtaa haumgusi Msajili. Mtu mwenye mauziano ya mtaa ya mwaka 2009 anaweza kukuta kiwanja hicho hicho kina hati ya mwaka 2016 yenye jina la mtu ambaye hajawahi kumwona.

Hatua ya 2: fanya upekuzi, tena wa maandishi

Usiridhike na rafiki aliyechungulia kwenye kompyuta. Omba upekuzi rasmi, lipia, upate majibu yaliyosainiwa. Angalia vitu vinne: jina la mmiliki, muda wa hati uliobaki, rehani kama ipo, na zuio au tahadhari yoyote iliyowekwa. Kisha omba nakala iliyothibitishwa ya waraka uliomwingiza mmiliki wa sasa. Kama ni uhamisho, utaona nani alisaini, mbele ya nani, tarehe ngapi. Nimewahi kuona hati ya uhamisho iliyosainiwa na muuzaji miezi minne baada ya kuzikwa kwake. Kesi ile haikuhitaji shahidi mwingine zaidi ya cheti cha kifo.

Ukiambiwa jalada halionekani, andika barua ya kuliomba, ipeleke, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Barua hiyo itakuja kuwa na kazi. Jalada lililopotea kwa mdomo hupotea vizuri sana. Likipotea kwa maandishi, mara nyingi hupatikana.

Hatua ya 3: weka tahadhari kabla hujagombana na mtu

Kama ardhi imesajiliwa na una maslahi ndani yake, mwombe Msajili aweke tahadhari kwenye daftari. Mawakili huiita kaveati. Unajaza fomu pamoja na kiapo kinachoeleza maslahi yako, kwa mfano umenunua, ni mrithi, au ni mwenza wa ndoa. Ikishaandikwa, anayetaka kununua au benki inayotaka kukopesha ataikuta atakapofanya upekuzi.

Haraka ya hatua hii ina sababu ya kisheria. Sura ya 334 inamlinda kwa kiasi kikubwa mtu aliyelipa thamani, akasajiliwa na kuishika ardhi, bila kujua wala kushiriki udanganyifu. Mpinzani wako akiuza leo kwa mtu wa namna hiyo, kesho unapambana na mtu msafi. Tahadhari inamwondolea mnunuzi huyo neno "sikujua".

Lakini tahadhari haikai milele. Mwenye jina anaweza kuomba iondolewe na wewe utatakiwa ueleze kwa nini ibaki. Kwa hiyo iweke ukiwa tayari unaandaa kesi. Wapo wanaoiweka kama kufuli na kwenda kulala, wakiamka imeondolewa.

Hatua ya 4: tenganisha kosa la kalamu na ugomvi

Jina lako ni Mwanahamisi na hati imeandika Mwanaamisi. Namba ya kitalu kwenye hati haifanani na ya kwenye ramani ya upimaji, na hakuna anayebisha. Hayo ni makosa ya kuandika. Peleka barua, kiapo, kitambulisho cha NIDA na vielelezo kwa Msajili. Usimpe mtu ada ya kufungua kesi kwa ajili ya hayo.

Ila ikiwa kurekebisha kutamnyang'anya mtu mwingine kitu, hata mita tatu za mpaka, huo tayari ni ugomvi. Ofisa akikuambia "nitakufanyia hapa hapa", muogope. Alichokufanyia wewe bila kumsikiliza mwenzako, mwenzako atakwenda kukifuta kwa sababu hiyo hiyo ya kutosikilizwa.

Hatua ya 5: chagua mlango wa kesi ukiifikiria siku ya mwisho

Hapa ndipo kesi nyingi hupotea kabla hazijaanza, kwa hiyo nitakaa hapa kidogo.

Mahakama ya Mwanzo na ya Wilaya hazisikilizi migogoro ya ardhi. Tangu Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Sura ya 216, ya mwaka 2002, kazi hiyo ina ngazi zake. Baraza la ardhi la kijiji na baraza la kata husuluhisha. Baraza la kata lilikuwa likiamua pia, lakini marekebisho ya mwaka 2021 yaliliondolea uwezo huo. Sasa linapatanisha tu, na Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halitakupokea mpaka kata ithibitishe kwamba usuluhishi umeshindikana, au siku 30 ziwe zimepita bila muafaka. Baraza la wilaya lina ukomo: thamani ya ardhi inayodaiwa kurejeshwa isizidi shilingi milioni 300, na madai mengine yanayokadirika kwa fedha yasizidi milioni 200. Juu ya hapo ni Mahakama Kuu.

Mtu husikia hayo na kusema, kiwanja changu ni cha milioni arobaini, mlango wangu ni baraza la wilaya. Anamshitaki jirani peke yake, anashinda, anapeleka hukumu kwa Msajili na kumwambia, "Futa hati yake, andika yangu." Msajili anauliza swali fupi: mimi niliitwa kwenye kesi hii? Hakuitwa. Kamishna wa Ardhi, aliyetoa ile hati, naye hakuitwa. Hukumu inasema wewe ni mmiliki halali, haisemi lolote kuhusu hati namba fulani wala haimwamuru mtu yeyote wa serikali. Hapo sasa mshindi anaitwa mwenye hukumu isiyotekelezeka.

Kwa hiyo jiulize mapema: ili jina langu liingie kwenye daftari, ni nani atalazimika kufanya jambo? Akiwa ni jirani tu, kwa mfano anatakiwa kuondoka, au kusaini hati ya uhamisho aliyoikataa baada ya kupokea pesa, baraza linatosha. Akiwa ni Msajili, Kamishna, halmashauri au hata halmashauri ya kijiji, huyo lazima awe mdaiwa. Na ukiishamgusa huyo, sheria nyingine inaingia: Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5. Inataka mambo matatu. Taarifa ya siku 90 kwa taasisi husika, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Mwanasheria Mkuu aunganishwe kama mdaiwa, sharti ambalo tangu marekebisho ya mwaka 2020 linahusu pia serikali za mitaa na mashirika ya umma. Na kesi ifunguliwe Mahakama Kuu, bila kujali kiwanja ni cha milioni arobaini.

Ni ghali zaidi na ni mbali zaidi, najua. Mwanakijiji wa Kilindi kufuata Mahakama Kuu Tanga si jambo dogo. Lakini kesi ya bei nafuu isiyoweza kubadili daftari ni nauli iliyotupwa. Kama uwezo ni mdogo, waone wasaidizi wa kisheria wa wilaya yako; wanatambuliwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, na ofisi ya ustawi wa jamii itakuonyesha walipo.

Wengine wa kuwaunganisha ni hawa. Aliyekuuzia: Mahakama Kuu ilisema tangu mwaka 1983 kwamba katika kudai ardhi iliyouzwa kwa mtu wa tatu, muuzaji na mnunuzi washitakiwe pamoja. Benki, kama upekuzi ulionyesha rehani. Na msimamizi wa mirathi, kama mwenye jina amefariki. Marehemu hashitakiwi kwa jina lake.

Hatua ya 6: hesabu miaka

Muda wa kudai ardhi ni miaka 12 tangu haki ya kudai ilipoanza. Kwenye mirathi kuna shimo ambalo familia nyingi zimetumbukia. Baba alifariki mwaka 2010, mtu akavamia shamba, ndugu wakavutana juu ya nani awe msimamizi, na msimamizi akateuliwa mwaka 2024. Anadhani saa yake imeanza siku alipopewa Fomu namba nne ya Mahakama ya Mwanzo. Kwa ardhi ambayo marehemu alikuwa akiishika mpaka anafariki, saa ilianza siku ya kifo.

Na jambo jingine la mirathi, kwa kifupi: mahakama ya mirathi inateua msimamizi, haimalizi ugomvi wa umiliki na mtu wa nje ya familia. Fomu ya usimamizi inakupa miguu ya kusimama barazani au Mahakama Kuu. Kwa Msajili nako, msimamizi huanza kwa kusajiliwa yeye kama msimamizi, ndipo agawe kwa warithi.

Hatua ya 7: andika maombi ambayo masjala inaweza kuyasoma

Mahakama hukupa ulichoomba. Usipoomba daftari lirekebishwe, usitegemee jaji akukumbushe. Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama, kwa hiyo huna sababu ya kusaini hati ya madai usiyoielewa. Mwambie wakili akusomee sehemu ya maombi. Iwe na sura inayokaribia hii:

*(a) Tamko kwamba mdai ni mmiliki halali wa Kiwanja Na. …, Kitalu …, eneo la …, chenye Hati Na. …;*

*(b) Tamko kwamba uhamisho wa milki kwa mdaiwa wa kwanza, uliosajiliwa tarehe … kwa waraka namba …, ni batili;*

*(c) Amri kwa Msajili wa Hati kurekebisha daftari kwa kufuta jina la mdaiwa wa kwanza na kuandika jina la mdai;*

*(d) Amri kwa mdaiwa wa kwanza kukabidhi hati halisi ndani ya siku …, na akishindwa, Msajili aendelee na marekebisho bila hati hiyo;*

*(e) Amri ya kuondoka na kukabidhi eneo, na zuio la kudumu.*

Kipengele (d) ndicho kinachosahaulika kuliko vyote, na ndicho kinachokwamisha kuliko vyote. Aliyeshindwa huondoka na hati halisi mfukoni, na masjala inakuambia leta hati. Umeshinda, na funguo ziko kwa uliyemshinda.

Maelezo ya ardhi nayo yasiwe ya mdomoni. "Eneo lililopo Goba, karibu na mwembe wa Mzee fulani" halisajiliki, na mwembe hukatwa. Kama pana hati, weka namba ya hati, kiwanja na kitalu. Kama hapajapimwa, weka ukubwa, mipaka minne na majina ya majirani, na inapowezekana kipande cha mchoro chenye vipimo vya GPS kutoka kwa mpima. Baraza likikubali kutembelea eneo, hakikisha linaloonekana linaandikwa kwenye mwenendo wa shauri, yaani kumbukumbu za yote yaliyosemwa na kufanyika kwenye kesi.

Na majina. Yawe kama yalivyo kwenye NIDA. Kama hati ya zamani ina jina la ukoo ambalo siku hizi hulitumii, maliza suala hilo kwa kiapo au hati ya kubadili jina kabla kesi haijaisha.

Hatua ya 8: omba zuio la muda

Fungua maombi ya zuio pamoja na kesi, ili eneo lisiuzwe, lisijengwe wala kuwekwa rehani mpaka uamuzi. Kama bado unasubiri zile siku 90 na matingatinga yamefika, kuna maombi ambayo mawakili wanayaita ya Mareva: unaiomba Mahakama Kuu izuie kwanza, kwa sababu kesi yenyewe bado haiwezi kufunguliwa. Ukipata amri, nakala iende kwa Msajili siku hiyo hiyo. Amri ambayo masjala haina nakala yake haimzuii mtu wa kaunta kusajili.

Hatua ya 9: siku ya hukumu ndiyo siku ya kuanza kukimbia

Siku hiyo hiyo andika barua ya kuomba nakala za hukumu, tuzo na mwenendo. Tuzo ni ile karatasi fupi inayobeba amri. Ndiyo itakayosomwa na Msajili. Isome neno kwa neno ukiwa bado kwenye benchi la mahakama. Namba ya hati ikikosewa tarakimu moja, omba irekebishwe hapo. Kuirekebisha miaka mitano baadaye, wakati aliyeiandika ameshahamishwa mara mbili, ni kazi nyingine kabisa.

Mwenzako ana siku 45 za kukata rufaa kutoka baraza la wilaya kwenda Mahakama Kuu. Kutoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufani, taarifa ya rufaa hutolewa ndani ya siku 30. Rufaa peke yake haisimamishi utekelezaji. Inahitaji amri ya kusimamisha. Wapo wanaoharakisha kukazia hukumu, yaani kuomba itekelezwe, ndani ya siku hizo, na mimi huwa nawashauri waandae karatasi zote lakini wakague kwanza uimara wa hukumu yao. Kwa mfano, hukumu nyingi za mabaraza zimewahi kufutwa na Mahakama ya Rufani kwa sababu maoni ya wazee wa baraza hayakuandikwa au hayakusomwa mbele ya wadaawa, yaani pande zenye kesi. Kama mwenendo wako una tundu kama hilo, ni heri ulijue wewe kabla ya wakili wa upande wa pili.

Baada ya hapo, fungua maombi ya kukazia hukumu. Dalali wa baraza au wa mahakama ndiye anayemtoa mtu kwenye eneo, usijaribu kumtoa kwa vijana wa mtaani. Muda wa kukazia ni miaka 12. Unaonekana mrefu, na ndiyo unaowalaza watu pamoja na bahasha zao za kaki.

Hatua ya 10: peleka tuzo masjala

Nenda na tuzo iliyothibitishwa, hukumu, amri ya kukazia kama ipo, hati halisi au ushahidi kwamba mdaiwa amekataa kuitoa, kitambulisho, picha, na uthibitisho kwamba kodi ya pango haidaiwi. Deni la kodi linaifuata ardhi, kwa hiyo unaweza kukuta malimbikizo ya mpinzani wako yanakusubiri wewe. Lipa, chukua risiti, na kama tuzo ilikupa gharama, ongeza hiyo kwenye madai yako. Andika barua ya kufunika, orodhesha kila kiambatisho kwa namba, na urudi nyumbani na nakala yenye muhuri wa kupokelewa.

Kwa ardhi ya kijiji, tuzo inapelekwa kwa mtendaji wa kijiji na kwa afisa ardhi wa wilaya, ili daftari la kijiji na la wilaya yote mawili yabadilishwe. Omba muhtasari wa kikao cha halmashauri ya kijiji kilichopokea hukumu hiyo. Viongozi hubadilika kila uchaguzi, na mwenyekiti mpya anaweza kumgawia mtu mwingine shamba lako kwa nia safi kabisa kwa sababu hakuna kilichoandikwa.

Masjala ikikataa

Omba sababu kwa maandishi. Mara nyingi ni jambo dogo: waraka mmoja umepungua, jina halifanani. Lijibu na urudishe. Kama ni kukataa kwenyewe, Sura ya 334 inakupa haki ya kukata rufaa Mahakama Kuu dhidi ya uamuzi wa Msajili, na muda wake si wa kuuchezea. Mwandikie Msajili taarifa ya nia ya kukata rufaa ndani ya mwezi wa kwanza. Na kama kikwazo ni kwamba hakuwa sehemu ya kesi yako ya barazani, usipoteze mwaka kubishana kaunta. Toa taarifa ya siku 90 na upeleke Mahakama Kuu shauri dogo la kurekebisha daftari, ukitumia hukumu ya baraza kama ushahidi. Huko ni kurudi nyuma, lakini ni kurudi kwa mtu mwenye ushahidi mkononi.

Hali ya kinyume nayo ipo: unafanya upekuzi wako wa kawaida na kukuta jina lako limefutwa kwa tuzo ya kesi ambayo hukuwahi kuitwa. Usianze kwa kugombana na masjala; imetii amri. Chukua namba ya shauri kwenye waraka uliosajiliwa, pata mwenendo, na uone wakili juu ya mapitio Mahakama Kuu, kwa sababu mtu asiyekuwa mdaawa hakati rufaa. Na kama ardhi yako imekamatwa kwa deni la mtu mwingine, unafungua pingamizi kwenye mahakama ile ile inayokazia, kabla ya mnada.

Mwezi mmoja baada ya kuambiwa "tayari", rudi ufanye upekuzi mwingine, wa kulipia, wa maandishi, kama ule wa kwanza. Ukiona jina lako, namba ya hati na kiwanja vinavyolingana na tuzo, na tahadhari yako ya zamani imeondolewa, weka karatasi hiyo pamoja na hukumu. Kisha toa nakala mbili, moja ikae kwa ndugu mnayeaminiana, kwenye nyumba nyingine.